Maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu Sir Archibald McIndoe, daktari wa marubani walioungua

Wengi hukutana na jina hili wakisoma habari za Vita Kuu ya Pili ya Dunia, wengine wakifuatilia historia ya Amref, shirika la huduma za afya barani Afrika. Maswali ni yale yale. Yanayohitaji maelezo marefu nimeyapa nafasi. Yanayotosha kwa sentensi moja au mbili nimeyamaliza hivyo.

McIndoe alikuwa nani?

Daktari wa upasuaji mzaliwa wa New Zealand, aliyefanya kazi Uingereza. Kati ya 1939 na 1945 alitibu mamia ya watu wa jeshi la anga walioungua uso na mikono, katika hospitali ndogo ya mji wa East Grinstead, kusini mwa London. Wagonjwa wake walimwita "Bosi", au "Maestro" walipokuwa katika hali ya kumtania.

Alizaliwa na kusomea wapi?

Dunedin, tarehe 4 Mei 1900. Baba yake alikuwa mchapaji na mama yake, Mabel Hill, alikuwa mchoraji wa picha. Alisomea udaktari katika Chuo Kikuu cha Otago, hapo hapo mjini kwao, na mwaka 1924 akapata ufadhili wa kwenda hospitali ya Mayo Clinic, Marekani.

Ni kweli kwamba mwanzoni alikuwa daktari wa ini?

Kweli kabisa, na watu husahau. Pale Mayo alijikita kwenye upasuaji wa tumbo, akachunguza jinsi mishipa ya damu inavyoharibika ndani ya ini lenye makovu. Kazi hiyo ilimpa jina. Mpasuaji mashuhuri wa Uingereza, Lord Moynihan, alipomwona akifanya kazi, alimtia moyo ahamie London.

Alihama mwaka 1930 pamoja na mkewe, na alipofika akakuta kazi aliyoitegemea haipo. Hapo ndipo Harold Gillies anapoingia. Gillies alikuwa ndugu yake wa ukoo, naye mzaliwa wa Dunedin, na wakati huo ndiye aliyekuwa jina kubwa kuliko wote katika upasuaji wa kurekebisha maumbile. Alimsaidia kupata nafasi katika hospitali ya St Bartholomew's na kumkaribisha katika shughuli zake za binafsi. Kwa maneno mengine, fani iliyompa McIndoe heshima zote hakuichagua akiwa kijana mwenye ndoto. Aliingia kwa sababu alihitaji kazi na ndugu yake alikuwa na mlango wazi.

Basi yeye ndiye aliyeanzisha upasuaji huu?

Hapana. India watu walikuwa wakitengeneza pua zilizokatwa karne nyingi kabla. Na katika upasuaji wa kisasa, heshima ya kwanza ni ya Gillies mwenyewe. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, Gillies aliona askari wakirudi kutoka mahandaki ya Ufaransa bila taya, bila pua, bila midomo. Akalisumbua jeshi mpaka akapewa wodi Aldershot mwaka 1916, kisha hospitali nzima kule Sidcup mwaka 1917. Pale Sidcup walitibiwa wanajeshi zaidi ya 5,000, kwa operesheni zaidi ya 11,000. Mbinu nyingi alizotumia McIndoe miaka 20 baadaye zilitoka kule.

Kilicho cha McIndoe mwenyewe ni kitu kingine, nacho ndicho kinachonifanya nione anastahili ukurasa wake: aliamua kwamba kazi ya daktari haiishii pale mshono unapopona. Mshahara wa mgonjwa, nguo anazovaa, anakokwenda jioni, nani anamtazama barabarani na kwa jicho gani, yote hayo aliyaweka kwenye orodha ya matibabu.

Uingereza ilikuwa na wapasuaji wangapi wa aina hii vita vilipoanza?

Waliobobea walikuwa wanne: Gillies, McIndoe, Rainsford Mowlem na Thomas Kilner. Watatu kati yao walitoka New Zealand, nchi yenye watu wachache mno, na sijaona maelezo ya kuridhisha ya jambo hilo zaidi ya kwamba mmoja alimvuta mwenzake.

Kwa nini marubani waliungua namna ile?

Kwa sababu ya mahali tangi la mafuta lilipokaa. Katika Hurricane na Spitfire, ndege mbili zilizobeba mzigo wa mapigano ya angani ya 1940, kulikuwa na mafuta mbele ya rubani, nyuma tu ya injini. Risasi ikipiga hapo, moto uliingia moja kwa moja pale alipoketi. Alikuwa na sekunde chache za kufungua kifuniko, kufungua mikanda na kuruka. Koti zito na buti viliukinga mwili. Kilichobaki wazi kiliungua: mikono ya asiyevaa glavu, na ngozi ya kuzunguka macho ya aliyekuwa ameinua miwani yake ili aone vizuri. Jeraha hili lilijirudia kiasi kwamba madaktari walilijua kwa sura.

Baadaye vita vilivyoendelea, wengi wa waliolazwa hawakuwa tena marubani wa ndege ndogo za kivita bali wafanyakazi wa ndege kubwa za mabomu.

Walioungua walikuwa wakitibiwaje kabla yake?

Kwa asidi ya tanini, dawa ya jamii ile ile inayotumika kulainisha ngozi za wanyama viwandani. Ilipakwa juu ya jeraha ikaganda na kuwa gamba gumu. Kwa eneo dogo la mguu au mgongo ilionekana kusaidia, maana ilizuia maji ya mwili yasitoke. Tatizo lilikuwa mikono na uso. Gamba lilifungia uchafu ndani, jeraha likaoza chini kwa chini, na lilipokauka lilibana vidole vikajikunja visikunjuke tena. Kwenye macho ilikuwa balaa zaidi: kope zilivutwa nyuma, jicho likabaki wazi mchana na usiku, na jicho lisilofumba hukauka na kupofuka.

McIndoe alipoanza kupokea wagonjwa waliopakwa dawa hiyo hospitali nyingine, alilazimika kutumia muda mwingi kubandua gamba hilo kabla hajaanza kazi yake. Aliipigia kelele katika mikutano ya madaktari bila kumung'unya maneno, na matumizi yake kwenye mikono na uso yakasimamishwa.

Badala yake alitumia nini?

Maji ya chumvi. Ilionekana kwamba marubani walioangukia baharini majeraha yao yalipona vizuri kuliko ya walioangukia nchi kavu. McIndoe akaweka bafu la maji ya vuguvugu yenye chumvi, yanayoingia na kutoka, ndani ya wodi yenyewe. Mgonjwa aliteremshwa humo na bandeji zake. Zilielea zenyewe badala ya kung'olewa, na aliyewahi kubanduliwa bandeji iliyogandamana na kidonda anajua tofauti hiyo ina maana gani. Akiwa ndani ya maji alihimizwa kuchezesha vidole. Kisha vidonda vilifunikwa kwa shashi yenye mafuta, isiyonata.

Si dawa ya ajabu hata kidogo.

Kope mpya inatengenezwaje?

Kope ndiyo iliyokuwa ya kwanza kushughulikiwa, kabla ya pua na mdomo, kwa ajili ya kuokoa jicho. Ngozi ya kope ni nyembamba kuliko zote mwilini, kwa hiyo ya kuibadilisha lazima itafutwe mahali penye ngozi laini isiyo na nywele, na mara nyingi ilichukuliwa upande wa ndani wa mkono, juu ya kiwiko. Kovu linalovuta kope lilikatwa, kope ikaachiwa irudi mahali pake, na pengo likazibwa kwa kipande hicho. Kilikatwa kikubwa kuliko pengo kwa makusudi, maana ngozi ya kupandikizwa husinyaa. Kwa hiyo wiki za mwanzo mgonjwa alionekana wa ajabu kuliko alivyokuwa kabla ya operesheni, na ilibidi aambiwe mapema asikate tamaa.

Mmoja wa waliopata kope hizo ni Richard Hillary, rubani wa Spitfire aliyedunguliwa Septemba 1940, akaangukia baharini, na kupakwa asidi ya tanini kabla hajafika mikononi mwa McIndoe. Aliandika kumbukumbu zilizosomwa sana, akashinikiza arudishwe kazini, na akafa katika ajali ya ndege Januari 1943.

Na pua?

Pua ni safari ndefu. Kabla ya wapasuaji kuweza kuunganisha mishipa midogo ya damu kwa hadubini, kipande kinene cha ngozi hakikuweza kukatwa sehemu moja na kubandikwa nyingine, kingekufa. Njia ilikuwa ile ya Gillies ya mwaka 1917. Unachora mistari miwili sambamba kwenye ngozi ya kifua, bega au tumbo. Unakata kwenye mistari na kunyanyua utepe wa katikati pamoja na mafuta yake, lakini ncha zote mbili unaziacha zimeshikamana na mwili ili damu iendelee kupita. Kisha unakunja kingo za utepe na kuzishona zikutane. Kinachobaki kinaning'inia kama mkonga mdogo wa tembo, umefungika pande zote, hauachi nyama wazi. Kwa wakati ambao penisilini haijapatikana, kufungika huko kulikuwa nusu ya ushindi.

Unasubiri wiki tatu hivi. Unakata ncha moja na kuihamishia, tuseme, kwenye kifundo cha mkono. Unasubiri tena mpaka ishike na kupata damu kutoka pale. Unakata ncha ya pili, unauinua mkono na kuishona ncha hiyo usoni, na mgonjwa anakaa wiki nyingine mkono umefungwa kichwani. Baada ya hapo ndipo mkono unaachiliwa na uchongaji wa pua yenyewe unaanza. Ncha moja ikikataa kushika, unarudi nyuma.

Ndiyo maana wapo waliopita mezani zaidi ya mara 30, na waliokaa wakiingia na kutoka hospitalini kwa miaka. Katikati waliruhusiwa kwenda likizo, wengine na mikonga yao.

Wodi ya Tatu, walikolazwa wagonjwa wake, ilikuwaje?

Kibanda kirefu cha mbao nyuma ya hospitali, kilichojengwa kuwa cha muda. Ndani kulikuwa na bafu la chumvi, piano, redio, na pipa la bia ambalo mtu alijichotea mwenyewe. Maofisa na askari wa kawaida walilala kitanda kwa kitanda, jambo ambalo jeshi la wakati ule halikulizoea. Aliyetaka kuingia chumba cha upasuaji kumtazama mwenzake akifanyiwa kile ambacho yeye atafanyiwa mwezi ujao, aliruhusiwa. Kelele zilikuwa nyingi.

McIndoe pia aliondoa sare za hospitali. Kwa desturi ya jeshi, mgonjwa anayepata nafuu alivaa suti ya buluu iliyomtambulisha kuwa mgonjwa. Wake walivaa sare zao za kazi, na walipokwenda baa au sinema walikwenda kama wanajeshi.

Guinea Pig Club ni nini?

Ni chama ambacho wagonjwa wenyewe walikianzisha mwaka 1941, kwanza kama kisingizio cha kunywa pamoja. Walijiita simbilisi wa maabara kwa sababu walijua wanajaribiwa: mengi waliyofanyiwa hayakuwa yameandikwa popote. McIndoe alikuwa rais wao. Mpaka vita vinaisha walikuwa wanachama 649, wengi Waingereza, lakini pia Wakanada, Waaustralia, watu wa New Zealand, Wapolandi na Wacheki.

Utani wao ulikuwa mkali. Mweka hazina wa kwanza alichaguliwa kwa kuwa miguu yake iliungua, asiweze kukimbia na fedha. Katibu aliungua vidole, ili mihtasari ya vikao iwe mifupi. Baada ya vita chama kilisaidia wanachama kupata kazi na fedha za kuanzia biashara, na kiliendelea kukutana kila mwaka hadi 2007, walipokuwa wamebaki wachache na wazee.

Mji wa East Grinstead ulihusikaje?

Hapa ndipo nadhani McIndoe alipiga hatua kuliko hata mwalimu wake. Kule Sidcup, zamani za Gillies, mabenchi yaliyo njiani kwenda mjini yalipakwa rangi ya buluu ili wenyeji wajue kwamba anayeketi hapo huenda uso wake ukawashtua. Ilikuwa kwa nia njema, ila ujumbe wake ni "jihadharini".

McIndoe aligeuza mambo. Aliwaendea wenyeji na kuwaomba wawaalike vijana wake majumbani, wacheze nao dansi, wawatazame usoni wanapoongea nao. Familia zikawachukua. Wenye maduka na baa wakazoea mhudumiwa asiye na pua. Watu wa pale wakaja kujulikana kama mji usiokodoa macho, na wagonjwa kadhaa waliamua kubaki kuishi huko huko.

Kwa nini alikataa cheo cha kijeshi?

Ili asipewe amri. Tangu 1938 alikuwa mshauri wa RAF, jeshi la anga la Uingereza, lakini alibaki raia, na raia anaweza kumjibu jenerali. Alilitumia hilo. Kulikuwa na kanuni kwamba mwanajeshi aliyelazwa zaidi ya siku 90 anaondolewa jeshini, na hapo anapoteza mshahara kamili. Kwa mtu anayehitaji miaka mitatu ya operesheni, maana yake ni kufanywa maskini akiwa bado kitandani. McIndoe aliipinga mpaka ikabadilishwa kwa watu wake.

Alikuwa mtu mwema, basi?

Kwa wagonjwa wake alikuwa baba. Kwa wengine alikuwa mgumu: mwenye hasira, mbishi, asiyependa kupingwa. Ndoa yake ya kwanza ilivunjika mwaka 1953 na akaoa tena mwaka uliofuata. Uhusiano wake na Gillies nao ulipoa.

Kuna jambo lingine ambalo simulizi za kishujaa huliruka. Wauguzi vijana wa Wodi ya Tatu walitarajiwa kuvumilia mikono na maneno ya wagonjwa, kwa hoja kwamba mwanamume aliyeungua uso anahitaji kujisikia bado ni mwanamume. Baadhi yao walipokuja kuulizwa uzeeni walieleza hayo waziwazi. Wengine walikumbuka miaka ile kwa furaha. Hata hivyo hakuna aliyewauliza wakati ule, na sehemu ya dawa ya McIndoe ililipiwa na wasichana hao.

Baada ya vita alifanya upasuaji wa urembo?

Ndiyo, na ulimpatia fedha nyingi. Alitunukiwa cheo cha Sir mwaka 1947, na watu mashuhuri walimfuata London. Mwigizaji Ava Gardner, aliyeumia shavu Hispania mwaka 1957 alipokuwa akicheza na fahali, alikwenda kwake. Alimshauri aliache shavu lipone lenyewe, bila kisu.

Ana uhusiano gani na Afrika Mashariki?

Mkubwa kuliko wengi wanavyodhani. McIndoe alikuwa na shamba Tanganyika, kwenye miteremko ya Kilimanjaro, na alikuwa akija mara kwa mara. Miongoni mwa waliojifunza kwake alikuwamo Michael Wood, mpasuaji Mwingereza aliyekuwa akiishi na kufanya kazi Kenya, na Tom Rees, mpasuaji kutoka New York. Mwaka 1957 hao watatu, wakiwa huko huko Kilimanjaro, walipanga jinsi ya kuwafikishia upasuaji watu walio mbali na miji. Barabara zilikuwa mbovu na hospitali zenye wapasuaji chache mno, hivyo wazo lilikuwa kumpeleka daktari kwa mgonjwa kwa ndege ndogo. Hapo ndipo ilipozaliwa Amref na huduma ya Flying Doctors, yenye makao uwanja wa ndege wa Wilson, Nairobi. Wood mwenyewe alikuwa rubani, na ndiye aliyeibeba kazi hiyo kwa miaka iliyofuata.

Mwalimu wao hakuiona ikikua.

Alikufa lini?

Aprili 1960, usingizini, kwa ugonjwa wa moyo, akiwa na miaka 59. Majivu yake yamezikwa St Clement Danes, kanisa la RAF jijini London, heshima ambayo raia kwa kawaida hawapewi. Gillies alimfuata Septemba mwaka huo huo.

Jina lake bado linatumika hospitalini?

Ndiyo. Kuna koleo na mkasi wa upasuaji vinavyoitwa kwa jina lake. Kuna pia operesheni ya McIndoe ya kumtengenezea uke mwanamke aliyezaliwa bila uke, kwa kupandikiza ngozi nyembamba juu ya kifaa chenye umbo linalotakiwa. Aliianza kabla ya vita na bado inafundishwa.

Nikifika East Grinstead nitaona nini?

Hospitali ya Queen Victoria, ile aliyofanyia kazi McIndoe, bado inafanya kazi, na bado inajulikana kwa matibabu ya walioungua. Jumba la makumbusho la mji limehifadhi vitu vya Guinea Pig Club. Barabarani kuna sanamu iliyozinduliwa mwaka 2014: rubani ameketi, vidole vimejikunja, na McIndoe amesimama nyuma yake, mikono mabegani mwake. Aliyeichonga, Martin Jennings, baba yake alikuwa askari wa vifaru aliyeungua mwaka 1944 na kutibiwa na McIndoe.